Ijumaa Kuu ya 1401: ngome ya Conwy ilivyotekwa na watu 40, na ilivyorudi

Watu wakiongelea ngome za kale za Wales wanaanza na unene wa kuta, minara mingapi, mfalme gani kajenga, na ni kweli vinashangaza, ila kuna kisa kimoja kilichotokea Conwy tarehe 1 Aprili 1401 ambacho kwangu mimi kinaeleza ngome ni kitu gani kuliko vipimo vyote. Siku hiyo ilikuwa Ijumaa Kuu. Watu kama 40 hivi, hawana mitambo ya kubomolea ukuta wala jeshi nyuma yao, waliingia kwenye ngome iliyomgharimu mfalme pauni kama 15,000 za wakati ule, wakafunga mlango kwa ndani, mwenye mali akabaki nje. Kinasimuliwa sana kama kisa cha ujanja halafu kinaachwa hapo hapo, wakati ujanja ulichukua asubuhi moja tu na mambo mazito yako kabla yake na baada yake. Tukipitie taratibu.

Kwanza ngome yenyewe. Edward I wa Uingereza alipigana vita na Llywelyn ap Gruffudd, mkuu wa Wales, Llywelyn akauawa Desemba 1282, na ilipofika Machi 1283 Edward alishaushika mdomo wa mto Conwy na mafundi wakaanza kazi. Msimamizi alikuwa Master James wa St George, fundi kutoka Savoy, huyu huyu aliyesimamia na Harlech na baadaye Beaumaris. Mpaka 1287 sehemu kubwa ilikuwa imesimama: minara minane juu ya mwamba, nyua mbili, moja ya nje na moja ya ndani, halafu ukuta wa mji umeshikana na ngome, zaidi ya kilomita 1, na wenyewe una minara 21. Miaka minne tu. Ukichukua muda, pesa na idadi ya vibarua waliokusanywa toka pande zote za Uingereza unaona kabisa huyu mfalme alikuwa anajenga kwa haraka ya mtu anayejua hatakiwi pale.

Na pale hapakuwa patupu. Palikuwa na abasia ya wamonaki, Aberconwy, na ndani yake ndiko alikozikwa Llywelyn ap Iorwerth, yule wanayemwita Llywelyn Mkuu, babu yake huyu aliyeuawa 1282. Edward aliwahamisha wamonaki akawapeleka Maenan, juu zaidi bondeni, kanisa lao likafanywa kanisa la parokia la mji mpya, na mji wenyewe wakapewa Waingereza waliokuja kuhamia. Mwelisi, yaani mwenyeji wa Wales, hakupewa haki ya kuwa raia wa mji ule. Yaani umechukua makaburi ya watu, umejenga juu yake, halafu wenye makaburi unawawekea ukuta. Lishike hilo kanisa, tutalirudia.

Je, ngome iliwahi kufanya kazi yake? Ndiyo, na hili ni muhimu kwa uchambuzi. Wawelisi walipoasi mwaka 1294 chini ya Madog ap Llywelyn, Edward mwenyewe alijikuta amekwama ndani ya Conwy katikati ya baridi, mto umefurika, mizigo yake imeporwa njiani, chakula kidogo, na inasemwa alikataa kunywa peke yake divai kidogo iliyobaki mpaka igawanywe kwa wote. Lakini hakuna aliyeingia, maji yalipopungua na meli zikaweza kufika akatoka salama. Ngome ilikuwa na mlango wa upande wa maji, ilikuwa na watu, na watu walikuwa macho kwa sababu mfalme alikuwa ndani na hatari ilikuwa nje inaonekana. Hivyo jiwe halikuwa na kasoro. Ukisoma kisa cha 1401 usije ukadhani ujenzi ulikuwa mbovu.

Ila miaka 100 ya amani ya nusu nusu ikapita, na ngome bila vita ni mzigo. Mbao zinaoza, paa linavuja, madini ya risasi yanayofunika paa yanahitaji kubadilishwa, na pesa za matengenezo zinatoka London kwa shida. Ripoti za karne ya 14 zinalalamika kuhusu paa na mbao za Conwy, na miaka ya 1340 ikabidi wajenge matao ya mawe kushikilia paa upya. Kwa hiyo fundi seremala kuonekana getini asubuhi na vifaa vyake kilikuwa kitu cha kawaida kabisa pale, tena cha lazima.

Sasa wahusika. Kisiwani Anglesey, ng'ambo ya mlangobahari toka Conwy, kuna sehemu inaitwa Penmynydd, na hapo ilikaa familia moja kubwa ya Wawelisi, watoto wa Tudur ap Goronwy. Wawili kati yao ndio wa kisa hiki, Rhys na Gwilym. Wasichukuliwe kama majambazi wa msituni maana hawakuwa hivyo, walikuwa watu wa serikali, Rhys aliwahi kuwa sherifu wa Anglesey, na wote wawili walikuwa watu wa mfalme Richard II, wanalipwa naye, wanamtumikia. Na mama yao alikuwa ndugu na mama wa Owain Glyndŵr, yule aliyekuja kuongoza uasi wa Wawelisi, kwa hiyo kwa hesabu zetu za ukoo hao na Owain ni ndugu kabisa, sio wa mbali.

Richard II naye ana habari yake na Conwy. Julai 1399 alirudi toka Ireland akakuta binamu yake Henry wa Bolingbroke ameshachukua nchi, akakimbilia Conwy, na huko juu ya ule mwamba hakuna mtu angemtoa kwa nguvu. Akatumwa Henry Percy, mtawala wa Northumberland, na kwa masimulizi ya upande wa Richard huyu bwana aliapa ndani ya kanisa dogo la ngome kwamba mfalme atakuwa salama na taji lake halitaguswa. Richard akaamini, akatoka, wakamkamata njiani wakampeleka ngome ya Flint, na kabla mwaka haujaisha Bolingbroke alikuwa Henry IV. Ngome ile ile, miaka miwili kabla ya kisa chetu, mfalme mzima ametolewa ndani kwa maneno. Fikiria Rhys na Gwilym waliichukuliaje habari hiyo, mabwana wao wapya ni akina nani na kiapo chao kina uzito gani.

Septemba 1400 Owain Glyndŵr akagombana na jirani yake Reginald Grey wa Ruthin kuhusu ardhi, na tarehe 16 watu wake wakamtangaza kuwa Mkuu wa Wales, wakachoma Ruthin na miji mingine, na Rhys na Gwilym wakawasha moto wao huku Anglesey. Ilizimwa haraka. Lakini bunge lililokaa mwanzoni mwa 1401 likatoa sheria kali dhidi ya Wawelisi, wasinunue ardhi Uingereza wala ndani ya miji ya Waingereza huku Wales, wasipate uraia wa miji hiyo. Mimi naona hizi sheria ndizo zilizofanya moto uliokuwa unazimika upate kuni mpya, kwa sababu ziliwaadhibu na waliokuwa wamekaa kimya. Halafu tarehe 10 Machi 1401 ukatoka msamaha wa mfalme kwa waasi wa kaskazini. Wote wasamehewe isipokuwa watatu: Owain, Rhys na Gwilym.

Hapa ndipo kisa kinapoanzia kwa maoni yangu. Weka tarehe hizo mbili sambamba, 10 Machi na 1 Aprili. Ni wiki tatu. Watu wawili wameambiwa majirani zao wote wanarudi nyumbani ila wao ni wa kuuawa, ardhi yao itaenda, jina lao litakufa. Mtu wa hivyo anahitaji kitu cha kuweka mezani, kitu ambacho mfalme atakitaka kuliko kichwa chake, na kwa mtu wa Anglesey kitu hicho kinaonekana ukivuka maji tu. Naamini hawakuiteka Conwy ili kuikomboa Wales siku ile, waliiteka kama rehani.

Siku yenyewe. Mkuu wa ngome alikuwa John Massy, na kikosi chake kilikuwa askari wa deraya 15 na wapiga mishale 60, jumla 75. Ijumaa Kuu wakaenda ibadani, sio kwenye kanisa dogo la ndani ya ngome bali kwenye kanisa la parokia mjini, lile kanisa la abasia nililosema tulikumbuke. Getini wakabaki walinzi wawili. Adam wa Usk, Mwelisi mwanasheria aliyeandika habari za miaka ile na aliyekuwa hai wakati huo, anasema alifika seremala akijifanya amekuja kwenye kazi yake ya kila siku, walinzi wakauawa, mlango ukawa wazi na wenzake wakaingia. Habari yote ya utekaji ni hiyo, inatosha mistari miwili.

Lakini itazame vizuri hiyo "kazi yake ya kila siku". Seremala hakuhitaji kudanganya kwa maneno mengi maana mazoea yalishamsemea, mlinzi anamwona mtu mwenye shoka na msumeno kwenye jengo ambalo halikosi mbao za kubadilisha, atauliza nini? Mtu akiniambia walinzi walikuwa wazembe nitabisha. Walinzi wawili kwenye lango la ngome yenye minara minane walikuwa wanafanya kazi ya watu 20, na kosa halikuwa lao, lilikuwa la aliyepanga zamu. Wote 75 Wakristo, siku kubwa, kila mtu anataka kwenda, nalielewa, ila ungewagawa nusu waende asubuhi nusu waende jioni. Na waasi walikuwa wamesamehewa majuzi tu isipokuwa watatu, na wawili kati ya hao watatu nyumbani kwao ni hapo ng'ambo. Mkuu wa ngome aliyekuwa anafuatilia habari alitakiwa mwezi ule kulala na funguo.

Kuna mfano mmoja wa karibu sana unaothibitisha hili na sijui kwa nini watu hawauweki pamoja na huu. Caernarfon, ngome dada, miaka kama miwili na nusu baadaye, Glyndŵr akiwa na nguvu zaidi na Wafaransa wakamsaidia kuizingira, ilishikiliwa na watu 28 tu. Ishirini na nane! Na haikuanguka. Kwa hiyo 75 hawakuwa wachache, walikuwa wengi kupita kiasi kwa ngome kama ile, almuradi lango limefungwa na wao wako ndani.

Tuendelee. Wakiwa ndani, Rhys na Gwilym wakawa na faida yote aliyoijenga Edward kwa ajili ya watu wake. Mji chini ukachomwa na kuporwa, na baadaye raia wa mji walidai hasara ya pauni 5,000, na hata ukisema waliongeza chumvi, dai lenyewe ni theluthi ya gharama ya ngome nzima. Hao walikuwa watu wa kawaida pia, wachuuzi, wake zao, watoto, wengine wamezaliwa pale kizazi cha nne, na mimi sioni raha kusoma sehemu hiyo hata kama najua mji ulijengwaje.

Aliyetakiwa kuirudisha ngome ni Henry Percy mdogo, maarufu kwa jina la Hotspur, ambaye ndiye alikuwa hakimu mkuu wa mfalme Wales kaskazini, na ni mtoto wa yule Percy aliyemtoa Richard kwa kiapo. Akaja na askari wa deraya 120 na wapiga mishale 300, na pamoja naye alikuwepo mtoto wa mfalme, Henry, Mkuu wa Wales kwa cheo cha Kiingereza, kijana wa miaka 14. Watu zaidi ya 400 nje, 40 ndani, na wa nje hawakuweza kitu, kwa sababu Master James alikuwa ameijenga ili wa nje wasiweze kitu. Njia ilikuwa moja, kukaa na kungoja huku pesa zinaisha. Na pesa ziliisha kweli. Hotspur aliandikia baraza la mfalme barua za kulalamika kwamba analipa vita vya mfalme kutoka mfukoni mwake na hataweza kuendelea hivyo, na majibu yalikuwa mepesi kuliko deni. Hiki kinyongo usikidharau, Julai 1403 Hotspur aliasi mwenyewe akafa vitani Shrewsbury akipigana na mfalme yule yule aliyemtumikia Conwy. Uasi wake ulikuwa na sababu nyingine pia, ila bili za Wales zilikuwemo.

Mazungumzo yakavuta mpaka kiangazi. Hotspur alikuwa tayari kumaliza kwa msamaha, mfalme akaona masharti ni laini mno, maana msamaha kwa waliochukua ngome ya mfalme ni kama kuwaambia wengine nao wajaribu, na kwa hili Henry IV hakuwa mjinga. Lakini mbadala wake ulikuwa nini? Kuendelea kulipa. Ndipo wakafika kwenye makubaliano, ngome irudi, waliomo ndani wasamehewe, isipokuwa tisa kati yao ambao watatolewa waadhibiwe.

Sehemu hii ndiyo inanifanya nisiweze kusimulia kisa hiki kwa furaha kama wengi wanavyofanya. Fikiria hesabu yenyewe, watu 40, mmekaa pamoja miezi karibu mitatu, mnagawana mkate na zamu, halafu wakubwa wenu wanakubali tisa watoke. Adam wa Usk anaandika kwamba hao tisa walifungwa kamba kwa siri na wenzao, wakakabidhiwa, na hapo hapo wakaburutwa, wakatumbuliwa, wakanyongwa, wakakatwa vichwa na miili kugawanywa vipande vinne. Rhys na Gwilym wakatoka na msamaha wao, kile hasa walichokosa tarehe 10 Machi.

Kama ungepima kwa matokeo tu ungesema mpango wao ulifaulu kwa asilimia zote, walitaka msamaha wakapata msamaha. Wapo wanaosema ndio vita vya wakati ule, bwana mkubwa anaokoa ukoo na wadogo wanalipa, na pia kwamba kama wasingewatoa tisa wangekufa wote 40. Naisikia hoja. Ila walioingia getini waliingia pamoja, na kwenye msamaha wa Machi kati ya wale 40 majina yaliyotengwa yalikuwa mawili tu, ya Rhys na Gwilym. Kesi ilikuwa yao. Wengine waliifuata kwa sababu ya damu, ardhi au imani, na kwangu mimi hilo linawaongezea wakubwa deni badala ya kulipunguza.

Na kwa upande wa Owain, kuna jambo lilizaliwa hapo ambalo halikuwa kwenye mpango wa mtu. Kabla ya Conwy uasi ulikuwa habari ya miji michache kuchomwa na watu kukimbilia milimani. Baada ya Conwy kila Mwelisi alijua ngome za Edward zinashikika, kwamba wale waliokaa juu ya ule mwamba kwa miaka zaidi ya 100 wanaweza kukaa nje wakigonga. Mwaka 1404 Harlech na Aberystwyth zikaanguka kwa Owain, akafanya Harlech makao yake, na ilichukua mpaka 1408 na 1409 Waingereza kuzirudisha. Sisemi Conwy ndiyo sababu pekee, sheria za 1401 zilifanya kazi kubwa zaidi, lakini habari ya watu 40 ilisafiri.

Rhys na Gwilym walirudi kwenye uasi, msamaha haukuwabadilisha. Rhys alikamatwa na kunyongwa Chester mwaka 1412. Ardhi nyingi ya ukoo ikapotea. Kaka yao Maredudd alikuwa na mtoto wa kiume, Owain, ambaye akaenda Uingereza kutafuta maisha na huko Waingereza wakamwita Owen Tudor, na mwanamke aliyekuja kuishi naye na kuzaa naye ni Catherine wa Valois, mjane wa Henry V, yaani mjane wa yule kijana wa miaka 14 aliyesimama nje ya kuta za Conwy mwaka 1401. Mjukuu wa Owen na Catherine ni Henry VII, aliyechukua taji la Uingereza mwaka 1485, kwa hiyo ukoo wa Penmynydd ulirudi ukakalia kiti chenyewe. Mwisho huu unapendwa sana na naelewa kwa nini, ni mwisho mzuri kweli.

Ila Adam wa Usk ameacha kitu kimoja kidogo kwenye maelezo yake ambacho siwezi kukiruka, anataja wale tisa walifungwa saa ngapi. Walikuwa wamelala. Usiku walikuwa wamekesha lindoni, wametoka zamu.